Namna ya Kumfuga Mpelelezi kwa Miaka Thelathini na Saba

Anayetaka kuandika riwaya za upelelezi kwa kawaida huanza kwa kutafuta maiti. Hizo ni papara za ugeni. Maiti haina shida: ilaze chini ya daraja katika sura ya kwanza, nayo itatulia hapohapo mpaka uiache. Mwenye shida ni yule atakayeinama juu yake. Huyo ni lazima umlishe, umnyweshe, umgombanishe na wakubwa wake na umlaze peke yake kila usiku, kitabu baada ya kitabu, mpaka wajukuu wa wasomaji wako wa kwanza nao wafikie umri wa kununua riwaya.

Mwongozo huu unahusu kazi hiyo ya pili. Umetolewa katika mwenendo wa Ian Rankin, Mskoti aliyezaliwa mwaka 1960 Cardenden, kijiji cha wachimba makaa ya mawe huko Fife, ambaye mwaka 1987 alimleta duniani polisi aitwaye John Rebus na tangu hapo ameshindwa kumwondoa. Kitabu cha kwanza kilikuwa Knots and Crosses. Cha 25, Midnight and Blue, kilitoka mwaka 2024. Fuata maelekezo haya bila kuruka hatua, nawe utashindwa kumwondoa wako.

Omba fedha za jambo jingine

Usiombe fedha za kuandika riwaya, hakuna atakayekupa. Omba fedha za kusoma. Rankin alimaliza shahada ya fasihi katika Chuo Kikuu cha Edinburgh mwaka 1982, akabaki palepale kwa ajili ya shahada ya uzamivu juu ya mwandishi Muriel Spark, na muda wa utafiti akautumia kuandika mambo yake mwenyewe. Tasnifu haikukamilika. Walipa kodi wa Uingereza wasinung'unike: hakuna tasnifu juu ya Muriel Spark, hata ingeandikwa kwa wino wa dhahabu, ambayo ingewajaza watalii katika baa za Edinburgh.

Lakini huyo utakayejifanya unamsoma mchague kwa akili. Riwaya ya Spark inayojulikana zaidi inamhusu mwalimu mmoja wa kike wa Edinburgh anayejigamba kwamba ni wa ukoo wa William Brodie. Huyu Brodie alikuwa mtu wa kweli: fundi wa makabati na makufuli, diwani wa mji, bwana wa kuheshimika mchana kutwa. Usiku alizitumia nakala za funguo za wateja wake kuwaibia. Alinyongwa mwaka 1788. Robert Louis Stevenson alikulia katika nyumba yenye kabati lililotengenezwa na Brodie, akashirikiana na mwenzake kuandika tamthilia juu yake, na mwaka 1886 akatoa kisa cha Daktari Jekyll na Bwana Hyde, kile cha mtu mmoja mwenye nafsi mbili. Ila kwa sababu anazozijua mwenyewe, kisa hicho akakiweka London. Rankin mwanafunzi alitaka kumrudisha Hyde nyumbani. Basi ndivyo alivyoanza: kijana wa uzamivu anayekwepa tasnifu yake, akidhani anaandika fasihi nzito juu ya uovu ulio ndani ya mwanadamu, na shujaa wake akampa jina lenye maana ya fumbo la picha, ili maprofesa wacheke.

Maprofesa hawakucheka. Wauza vitabu walikitazama kitabu, wakaona polisi, wakaona watoto wanatekwa na kuuawa, wakakiweka kwenye rafu ya riwaya za uhalifu. Rankin amewahi kusimulia jinsi alivyokuwa akiingia madukani na kukihamisha kwa mkono wake mwenyewe mpaka kwenye rafu ya fasihi ya Uskoti, kikakae karibu na Stevenson na Spark. Nakushauri ufanye hivyohivyo kwa miaka miwili mitatu. Haibadilishi mauzo, lakini inakuzoesha kutembea, na mwandishi wa upelelezi asiyetembea hajui mji wake.

Utafiti wa kipolisi

Hapa usizidishe. Rankin, kwa kuwa hakumjua polisi hata mmoja, aliamua kuuliza, na akapelekwa kituo cha polisi cha Leith kuzungumza na wapelelezi. Wakamwuliza kitabu kinahusu nini. Akaeleza: watoto wanapotea mjini. Bahati mbaya wapelelezi hao walikuwa na kesi halisi ya mtoto aliyepotea, na kijana mwenye nywele za kimwanamuziki aliyejileta mwenyewe kuulizia habari za kuteka watoto aliwavutia kuliko alivyokusudia. Kwa muda mfupi mwandishi akawa mshukiwa.

Somo lililomo ni la kiuchumi. Baada ya hapo alikaa mbali na polisi kwa miaka kadhaa, akavibuni vyeo, taratibu na hata kituo kizima, na vitabu vikauzika vilevile. Alikuja kuwajua polisi wengi baadaye, pale walipoanza kumfuata wao wakitaka sahihi.

Mpe mizigo, lakini usimpe maktaba yako

Rebus wa kwanza ni sajini aliyetoka jeshini, aliyepitia Ireland ya Kaskazini, akajaribiwa kuingia kikosi cha makomando na akatoka humo akiwa amevunjika ndani. Ametalikiana na mkewe Rhona. Ana binti, Sammy, ambaye hajui aongee naye nini. Ana ndugu, Michael, anayejipatia riziki jukwaani kwa kuwalaza watu usingizi wa kiinimacho. Mizigo hiyo inatosha. Mpelelezi mwenye ndoa nzuri anarudi nyumbani saa kumi na moja jioni, na hakuna riwaya iliyowahi kuanza saa kumi na moja jioni mezani, mbele ya sahani ya viazi.

Kosa la Rankin, na analikiri, lilikuwa kumfanya polisi wa miaka arobaini awe na kichwa cha mwanafunzi wa fasihi wa miaka ishirini na kitu. Rebus wa 1987 anasikiliza jazz na anawaza kwa nukuu. Tiba yake ilikuwa rahisi ajabu: vitabu vilivyofuata vilimnyang'anya jazz bila maelezo, vikampa Rolling Stones, na hakuna aliyeandika barua kulalamika. Msomaji husamehe mengi ilimradi usimwombe radhi.

Jambo jingine la lazima: jaribu kumwua mapema. Katika mswada wa mwanzo wa kitabu cha kwanza Rebus alikuwa afe mwishoni. Rankin akaghairi, akamwacha hai, akaondoka kuandika mambo mengine, kikiwemo kitabu cha majasusi, kwa imani kwamba wamemalizana. Mhariri ndiye aliyeuliza yule polisi amepotelea wapi. Hide and Seek, kitabu cha pili, kikatoka mwaka 1991, miaka minne baada ya cha kwanza. Nasisitiza ujaribu kumwua kwa sababu mhusika aliyenusurika kifo alichopangiwa na mwandishi wake huwa na kiburi fulani usichoweza kukitunga kwa njia nyingine.

Hama

Ukitaka kuandika vizuri juu ya mji wako, uukimbie. Rankin na mkewe walihamia London, na mwaka 1990 wakaenda kuishi mashambani huko Dordogne, Ufaransa, kwa miaka sita. Vitabu vingi vya mwanzo vya Rebus, pamoja na mvua zake zote, ukungu wake na baridi yake ya Februari, viliandikwa katikati ya mashamba ya mizabibu na mtu aliyekuwa na ramani na kumbukumbu. Mji ulioko mbali hauna foleni wala bili ya umeme, umebaki harufu tu.

Na Edinburgh ina harufu. Rankin alipoanza, mji huo ulikuwa umeshauzwa kwa watalii kama kasri, vitambaa vya mirabaraba, mazumari, na tamasha la sanaa la kila Agosti. Yeye akawaonyesha nyuma ya pazia: majengo ya makazi ya pembezoni ambako dawa za kulevya zilimaliza kizazi, mabenki, mawakili, vichochoro vilivyofunikwa na majengo juu yake. Si kwamba alibuni kitu. Mji wenyewe umejaa mambo ambayo mhariri angeyakataa kwa kuwa yamezidi. Mwaka 1828 Burke na Hare waliua watu 16 humo na kuwauza kwa daktari aliyefundisha upasuaji wa maiti. Burke aliponyongwa, naye alipasuliwa mbele ya wanafunzi, na mifupa yake bado imo katika jumba la makumbusho la chuo kikuu hichohicho alichosoma Rankin. Miaka minane baadaye wavulana waliokuwa wakiwinda sungura kwenye kilima cha Arthur's Seat walikuta pangoni majeneza madogo 17 ya kutoshea kiganjani, kila moja na mwanasesere wa mbao ndani aliyevishwa nguo. Hakuna aliyejua yametoka wapi, na hakuna ajuaye mpaka leo. Manane yamesalia katika Makumbusho ya Taifa ya Uskoti. Rankin aliyachukua jinsi yalivyo, akayajengea riwaya ya The Falls mwaka 2001. Ukiwa na majeneza ya namna hiyo mjini kwako na bado unakaa kubuni, wewe ni mvivu kwa njia ya kujisumbua.

Wasomaji wetu nao wana fundo lao dogo katika mji huo. Mwalimu Nyerere alisoma hapo kuanzia 1949 hadi 1952. Na Arthur Conan Doyle alizaliwa hapo, akasomea udaktari hapo, na ni profesa wake, Joseph Bell, aliyekuwa akimtazama mgonjwa na kumwambia kazi yake kabla hajafungua mdomo, ndiye aliyempa kiolezo cha Sherlock Holmes. Kutoka kwa Holmes mpaka kwa Bwana Msa, mpelelezi wa riwaya za Muhammed Said Abdulla, ni hatua moja, na kiko mkononi ni kilekile. Kwa hiyo msomaji aliyelelewa na riwaya ya Mzimu wa Watu wa Kale asijione mgeni akishuka Edinburgh. Ameshaonja mchuzi wa jiko hilo, umepikiwa Unguja tu.

Weka makazi ya mpelelezi wako mahali unapoweza kupaona. Rankin alikuwa akipanga chumba Arden Street, mtaa wa Marchmont, alipoandika kitabu cha kwanza, basi Rebus naye akapewa fleti mtaa huohuo, ng'ambo ya dirisha. Baa yake iwe ya kweli, na iwe mbaya kiasi. Oxford Bar ya Young Street ni kijibaa chenye kaunta ambapo watu wanasimama wakibanana, na chumba cha nyuma chenye meza chache. Rankin alikuwa akinywa humo, Rebus akawa anakunywa humo, na sasa watalii wanakunywa humo wakiwatazama wanywaji wengine kwa matumaini.

Kituo cha polisi ukikibuni, uwe tayari kukijutia. Rebus alianza kazi katika kituo cha Great London Road, ambacho hakipo popote Edinburgh. Rankin alipochoka kuwa na jengo la uongo katika mji wa kweli, alikichoma moto, akamhamishia mtu wake St Leonard's, kituo kilichokuwepo. Hiyo ndiyo njia safi ya kusahihisha ramani. Maelezo ya chini ya ukurasa yanachosha, lakini moto kila mtu anauelewa.

Saa

Sasa tumefika kwenye hatua ambayo waandishi wengi wenye akili timamu huikwepa, na mimi naona ndiyo iliyomfanya Rankin awe Rankin. Aliiacha saa itembee.

Wengine hawakufanya hivyo, na walikuwa na sababu. Agatha Christie alimwanzisha Poirot mwaka 1920 akiwa polisi mstaafu, akamtumia zaidi ya nusu karne. Ukipiga hesabu, katika visa vya mwisho mzee yule anakimbizana na wauaji akiwa na umri wa kuzungukwa na vitukuu. Bwana Msa anakisokota kiko chake kitabu hadi kitabu bila mvi kuongezeka ya kutia wasiwasi. Willy Gamba wa riwaya za Musiba hajawahi kupanda ngazi na kusimama katikati kutafuta pumzi. Saa zao zimesimama, na wamebarikiwa.

Rebus alizaliwa mwaka 1947 na kila mwaka unaopita kwetu unapita na kwake. Mwanzoni mwandishi haoni hatari. Ni faida tupu: Bunge la Uskoti linarudi, anaandika Set in Darkness, wakimbizi wanaomba hifadhi na wanapokewa kwa chuki, anaandika Fleshmarket Close, Julai 2005 wakubwa wa mataifa manane wanakutana Gleneagles, anaandika The Naming of the Dead. Magazeti yanafanya nusu ya kazi. Halafu siku moja mtu mwenye kikokotoo anakumbusha kwamba mpelelezi wa Uskoti anastaafu akifika miaka 60, na 1947 ukiongeza 60 unapata 2007.

Rankin alitii sheria ya utumishi. Exit Music ilitoka mwaka 2007 na Rebus akakabidhi kitambulisho. Rankin husimulia kwamba mbunge mmoja wa Uskoti alifika hatua ya kuuliza serikali kama umri wa kustaafu usingeweza kusogezwa ili Rebus, aliyekuwa ameshafika cheo cha inspekta, abaki kazini. Fikiri juu ya jambo hilo. Kuna walimu, wauguzi na madereva wa magari ya zimamoto waliotumikia miaka thelathini bila bunge kuulizia habari zao, na hapa mtu asiyekuwepo anatetewa kiinua mgongo.

Ukifika hapo usiogope. Mstaafu haendi mbali. Mpe mwaka au miaka mitano, kisha mrudishe kwa mlango wa nyuma. Mwaka 2012 Rebus alirudi akiwa raia wa kawaida, anayefukua mafaili ya kesi za zamani zilizoshindikana. Mwaka uliofuata akavaa tena cheo, ila kwa kuwa dunia haitoi bure, alishushwa: sajini tena, chini ya Siobhan Clarke, yule dada ambaye Rebus alikuwa akimfundisha kazi na ambaye sasa ni inspekta wake. Hili napenda waandishi wetu walisome mara mbili. Sisi mashujaa wetu tunawapandisha tu. Tunadhani kumshusha cheo mtu aliyezoea kutoa amri ni kumvunjia heshima, kumbe kila anapotakiwa kusema "ndiyo, bosi" kwa mtu aliyemfundisha kuandika ripoti, unapata kurasa tatu za bure.

Usimzeeshe yeye peke yake, uzeeshe na vitu vyake. Hapo Rankin alipata msaada asiouomba. Rebus anaendesha Saab; kampuni ya Saab ilifilisika mwaka 2011. Alihudumu katika jeshi la polisi la Lothian and Borders. Mwaka 2013 lilifutwa, likamezwa na polisi mmoja wa Uskoti nzima. Kitengo cha wapelelezi pale St Leonard's kilivunjwa, akahamishiwa Gayfield Square ambako hawakumpa hata meza. Machi 2006 Uskoti ilipiga marufuku kuvuta sigara ndani ya baa, na mtu aliyekuwa akitatua mauaji kwa moshi akajikuta anatatua barazani, mvuani. Kiwanda cha Caledonian kilichopika bia yake, Deuchars IPA, kilifunga milango mwaka 2022. Kila kilichomwajiri, kumbeba au kumnywesha kimekufa kabla yake. Mwandishi wa kawaida angelazimika kukaa chini na kubuni huzuni ya aina hiyo. Huyu aliletewa na wafilisi.

Mwishowe mapafu. Sigara za vitabu ishirini zilidai malipo, na Rebus akapata ugonjwa sugu wa mapafu. Katika A Song for the Dark Times ya mwaka 2020 anahama kutoka ghorofani kwenda fleti ya chini ya jengo lilelile la Arden Street kwa sababu ngazi zimemshinda. Ana mbwa aitwaye Brillo. Nimesoma vifo vingi katika riwaya za Kiskoti, vingine vya kikatili kupindukia, na hakuna kilichonigusa kama mzee huyo anayeshusha santuri zake ghorofa mbili.

Adui mmoja anatosha

Wauaji watakuja na kuondoka, usiwazoee. Lakini chagua kigogo mmoja wa uhalifu, mlishe vizuri, umtunze. Morris Gerald Cafferty, Big Ger kwa wanaomwogopa, aliingia kwa kupita tu katika kitabu cha tatu. Baadaye anapanuka, anafungwa, anatoka, anazeeka, na kadiri vitabu vinavyokwenda yeye na Rebus wanabaki watu wawili pekee wanaokumbuka Edinburgh ya zamani ilikuwaje na nani alizikwa wapi, wakati mwingine kwa maana halisi ya kuzikwa. Hawapendani. Ila hakuna mwingine wa kuzungumza naye. Ukifaulu kufikisha uadui mahali ambapo msomaji anaanza kuwatakia wazee hao siku njema, umefuzu, unaweza kuruka sehemu iliyosalia.

Jaribu pia kumtafutia mpelelezi wako mrithi, kwa ajili ya kujiridhisha kwamba haiwezekani. Rankin alimleta Malcolm Fox mwaka 2009: nadhifu, ameacha pombe, anafanya kazi katika kitengo kinachochunguza polisi wenzake. Mtu mwema kabisa. Baada ya vitabu viwili Rebus alirudi, na Fox akajikuta ndani ya riwaya za mtu mwingine, akisimama pembeni.

Majina ya vitabu

Usipoteze muda. Fungua kabati la santuri. Let It Bleed na Black and Blue ni albamu za Rolling Stones. Even Dogs in the Wild na Rather Be the Devil nazo zimetoka kwenye nyimbo. Standing in Another Man's Grave ilitokana na wimbo ambao Rankin aliusikia vibaya, mvua akasikia kaburi. Kwa hiyo hata masikio mabovu ni nyenzo.

Subiri fedha, na ujihadhari na wafu wa kweli

Kati ya Knots and Crosses na kitabu kilichomtoa Rankin ni miaka kumi. Katika miaka hiyo aliongeza kipato kwa kuandika riwaya za mbiombio kwa jina la Jack Harvey. Vitabu vya Rebus vilisifiwa na kukaa madukani. Ndipo mwaka 1997 ikatoka Black and Blue, ya nane, ikapata tuzo ya Gold Dagger ya chama cha waandishi wa uhalifu wa Uingereza, na wasomaji wakaanza kurudi nyuma kununua saba za mwanzo. Ukiulizwa na familia lini uandishi utalipa, jibu sahihi ni kitabu cha nane.

Kejeli naiweka pembeni kidogo. Black and Blue inamtumia muuaji wa kweli ambaye magazeti yalimwita Bible John, aliyewaua wanawake watatu mjini Glasgow kati ya 1968 na 1969 baada ya kukutana nao katika ukumbi wa dansi wa Barrowland. Hakukamatwa. Rankin alimpa muuaji huyo mawazo, safari na sauti ndani ya riwaya, na kumbuni mwigaji anayefuata nyayo zake. Ni riwaya bora ya mfululizo wote, sibishani na waamuzi wa tuzo. Lakini wale wanawake walikuwa na ndugu, na ndugu hao walikuwa wakiingia maduka yaleyale ya vitabu. Mpelelezi wa kubuni hurudi nyumbani akiwa na kesi iliyofungwa, au angalau yenye sura ya mwisho. Wao hawakupewa sura ya mwisho. Sisemi Rankin asingeandika. Nasema ukifika mahali hapo katika mwongozo, soma polepole.

Mambo ya televisheni

Watakuja. Watamchukua mtu wako na kumpa uso wa mtu mwingine. John Hannah alimwigiza Rebus kuanzia mwaka 2000, na watu wakasema ni kijana mno na mzuri mno. Ken Stott akafuata, mwenye sura iliyokwisha kulala ndani ya gari, na watu wakaridhika. Mwaka 2024 BBC ilimleta Richard Rankin, asiye na undugu na mwandishi. Ian Rankin alijiepusha kuwatazama Hannah na Stott, asije akaketi kuandika na kukuta sauti ya mwigizaji inamjibu. Mfuate katika hilo. Hundi ikija ipokee kwa mkono wa kulia, kisha zima televisheni.

Pokea na heshima zikija. Mwaka 2022 Rankin alipewa hadhi ya Sir katika sherehe za miaka 70 ya utawala wa Malkia. Oktoba ya mwaka huohuo, Sir Ian akatoa A Heart Full of Headstones, kinachofunguka na Rebus akiwa kizimbani. Sijui kama kuna shukrani ya namna hiyo popote katika fasihi: muumba anakwenda ikulu, kiumbe anakwenda mahakamani kujibu mashtaka, kwa kosa nitakalokuachia ukalisome mwenyewe.

Na hapo ndipo wengi wangedhani mkataba umekwisha. Ana miaka sabini na kitu, pumzi hazitoshi, hana cheo, hana gari, hana bia, na sasa amefungwa gereza la Edinburgh pamoja na watu ambao baadhi yao aliwatia humo yeye. Katika Midnight and Blue mfungwa mmoja anakutwa amekufa ndani ya seli iliyofungwa. Wanaotaka kumstaafisha mpelelezi kwa kumfunga jela wafikiri upya: utakuwa umempeleka kwenye jengo lililojaa wahalifu, ambamo hawezi kutoka, na kumwondolea pombe.